Vitabu vya Sinema Vilivyopita Bukavu

Kitabu cha kwanza nilichosoma kuhusu mtu mwenye kazi ya kutengeneza filamu hakikuwa na jalada. Lilikuwa limeng'oka zamani, na ukurasa uliobaki juu ulikuwa na alama ya duara ya kikombe cha chai. Ilikuwa Bukavu, katikati ya miaka ya 1970, nchi ikiitwa Zaire na majina ya ubatizo yakiwa yamepigwa marufuku. Mwandishi alikuwa Paulin Soumanou Vieyra, mzaliwa wa Porto-Novo, naye aliandika juu ya Sembène Ousmane wa Senegali. Présence Africaine walikitoa mwaka 1972. Nilikuwa mwalimu kijana. Nilikisoma kwa taa ya mafuta, na kulipokucha nikawa najua jambo ambalo hakuna aliyewahi kunieleza: filamu ni kazi ya mikono ya watu, na watu hao wana majina.

Msomaji wa leo, mwenye simu mfukoni inayopiga video, huenda akashangaa kwamba jambo hilo lilihitaji kitabu. Kwa hiyo inanibidi nirudi Kadutu, kabla ya uhuru.

Nilizaliwa mwaka 1951. Kadutu ya utoto wangu ilikuwa mtaa wa Wakongomani, huko juu mlimani. Chini, kwenye rasi zinazoingia Ziwa Kivu, waliishi Wazungu, na huko ndiko kulikokuwa na sinema yenye viti. Sisi hatukuingia. Tangu mwaka 1945 sheria ya serikali ya Kibelgiji ilimkataza Mkongomani kutazama filamu ambayo tume ya ukaguzi haijaipitisha kwa ajili yake. Zilizopitishwa tuliletewa na wapadiri, jioni, kwenye uwanja wa misheni.

Kwanza zilifika nguzo mbili na shuka kubwa jeupe. Halafu jenereta, imening'inizwa kwenye miti, wanaume wanne wanaibeba mabegani, wanaiweka nyuma ya ukuta wa darasa ili kelele zipungue. Mwisho projekta ndani ya sanduku lake, ambayo hakuna aliyeruhusiwa kuigusa ila padiri. Watoto tulikaa chini, mbele kabisa. Waliochelewa walikwenda upande wa pili wa shuka na kutazama kinyume: anayeshika jembe kwa mkono wa kulia anaonekana analishika kwa kushoto, na maandishi yanakwenda kinyumenyume. Dada yangu aliupenda upande huo. Alisema huko hakuna anayekusukuma.

Pembeni mwa shuka alisimama katekista na maikrofoni. Filamu nyingi hazikuwa na sauti ya kutufaa, kwa hiyo sauti ilikuwa yake. Aliwapa watu wa kwenye picha majina ya watu wa mtaani kwetu. Alizungumza Kiswahili, kisha akaingia kwenye Mashi, lugha ya kwetu, pale alipotaka wazee wacheke. Mwizi akitokea, aliwauliza watazamaji wamfanye nini, na uwanja mzima ulimjibu. Filamu ileile, akiieleza wiki nyingine, ilikuwa habari nyingine. Baadaye sana nilisikia sifa za Lufufu wa Dar es Salaam na ma-VJ wa Kampala, waliokuwa wakizitafsiri filamu za kigeni huku zinaendelea, nikasema moyoni kwamba ufundi huo nilikwisha kuuona Kadutu nikiwa na miaka saba.

Tuliowapenda kuliko wote walikuwa Matamata na Pilipili, mmoja mnene na mwingine mwembamba, wenye kuingia taabuni na kutoka. Walitoka Kasai. Tulimpenda pia Mboloko, swala mdogo mjanja wa katuni. Tulidhani filamu hutoka mahali fulani kama mvua itokavyo, na wala hatukuambiwa kwamba nyingine zilikuwa zikitengenezwa hapahapa mjini kwetu.

Uhuru ukaja, na taabu zake. Mamluki wa Jean Schramme waliishika Bukavu kuanzia Agosti hadi Novemba 1967, na tuliporudi nyumbani mji ulikuwa na majeraha kila upande. Yule katekista wa shuka na maikrofoni sikumwona tena. Nilisoma, nikawa mwalimu, na jioni nikaanza kusaidia katika klabu ya sinema iliyokutana kwenye ukumbi wa parokia.

Kabla ya kitabu kulikuwa na mashine. Ilikuwa projekta ya milimita 16, nzito, yenye harufu ya mafuta ya cherehani, na aliyenifundisha kuitumia alikuwa padiri mzee, Mbelgiji. Filamu hushuka kutoka bobini ya juu, hupita kwenye gurudumu la meno, hufika kwenye kidirisha cha taa, kisha hupita gurudumu jingine na kujizungusha kwenye bobini ya kupokelea. Ugumu uko hapa: magurudumu ya meno huzunguka bila kukoma, lakini mbele ya taa filamu lazima isimame, picha moja moja, mara 24 kwa sekunde, la sivyo jicho litaona ukungu mtupu. Basi kati ya kinachozunguka na kinachosimama huachwa kitanzi cha filamu kimelegea, kimoja juu ya kidirisha na kimoja chini yake. Kitanzi ndicho kinachopokea mshtuko. Ukikiacha kifupi, meno yanararua matundu ya filamu.

"Usiivute, mwalimu," Padiri aliniambia, akinishika mkono. "Iache ilegee."

"Ilegee kiasi gani, Padiri?"

"Kidole kipite."

Kitanzi hicho huitwa kwa jina la Latham, Mmarekani wa miaka ya 1890. Nalitaja jina hilo kwa sababu huko mbele nitamtaja Latham mwingine.

Filamu zetu zilikuwa kuukuu na zilikatika mara kwa mara. Ikikatika unazima taa haraka, maana bila mwendo joto huichoma picha iliyosimama. Unakwangua ncha moja kwa wembe mpaka ule utando wenye picha utoke, unapaka gundi yake yenye harufu kali, unabana, unangoja. Kila kiungo hula picha mbili tatu. Ndiyo sababu katika filamu kongwe mtu huinua kikombe, na mara kikombe kiko mezani. Watazamaji waliokuwa wakipiga kelele ukumbini hawakujua kwamba hicho kipande kilichoruka kilikuwa sakafuni, karibu na kiatu changu. Bobini ya mita 120 huisha kwa dakika kama kumi na moja hivi, na katika dakika hizo, nimesimama gizani nikisikiliza mashine, nilianza kujiuliza juu ya waliokuwa upande wa pili wa kazi hii, walioijaza bobini badala ya kuizungusha.

Padiri alinisoma. Jioni moja alitoa kile kitabu kisicho na jalada kwenye mfuko wa kanzu yake. "Wewe unaipenda mashine," alisema. "Msome na huyu. Alikuwa mpakua mizigo bandarini."

Sembène alikuwa mpakua mizigo kweli, Marseille. Aliandika riwaya kwanza, kisha akaona kwamba watu aliowaandikia hawasomi, akaenda Moscow mwanzoni mwa miaka ya 1960, akikaribia umri wa miaka 40, kujifunza kazi ya kamera miongoni mwa vijana. Aliporudi alitengeneza Borom Sarret, 1963, filamu fupi ya mwendesha mkokoteni wa Dakar. Mwaka 1968 akatoa Mandabi, na watu wake wakazungumza Kiwolof. Vieyra alimwandika akiwa fundi mwenzake: alisomea sinema Paris, alitengeneza Afrique-sur-Seine mwaka 1955 pamoja na wenzake, na alishiriki kazini na Sembène. Alijua kamera ina uzito gani. Hiyo ndiyo tofauti ya kitabu hicho na vingi nilivyosoma baadaye, ambavyo vilimsifu mwongozaji kana kwamba alifanya miujiza peke yake.

Niliwasomea vijana wa klabu, nikiwafafanulia kwa Kiswahili pale Kifaransa kilipowapita. Habari ya Marseille haikuwagusa sana. Waliposikia kwamba mtu amepiga filamu nzima juu ya mwenye mkokoteni, ukumbi ulichemka. Kijana mmoja alisimama akasema basi sisi tuna akina mama wanaopanda kutoka ufukweni mpaka Kadutu na mizigo mgongoni, kamba zimewakaza kwenye paji la uso, na hakuna aliyewapiga picha ila watalii. Walianza kuandika. Waligawana kazi: nani atashika kamera, nani atamwuliza mama jina lake, nani atamlipia mzigo ili asipoteze siku. Kamera hatukuwa nayo na hatukuipata. Lakini yale madaftari niliyashika kwa mikono yangu, na nasema bila kusita kwamba kulikuwa na filamu ndani yake.

Mwaka 1987 ikatoka filamu La Vie est belle. Tuliitazama kwenye kaseti ya video, runinga imewekwa juu ya kabati ili wote waone, Papa Wemba akiwa mwanamuziki kutoka kijijini anayeingia Kinshasa na ndoto zake. Ukumbi ulijaa nyimbo. Majina yalipopita nilisoma waongozaji wawili, Benoît Lamy na Mwezé Ngangura, na mtu nyuma yangu akasema: huyo Mwezé ni mtu wa hapa.

Alikuwa wa hapa. Mwezé Ngangura alizaliwa Bukavu mwaka 1950, akaenda Ubelgiji kusomea sinema, akarudi kufundisha Kinshasa, na mwaka 1982 akatengeneza Kin-Kiesse, picha ya mji huo na raha zake chungu. Alinipita mwaka mmoja tu. Siwezi kueleza ilivyokuwa kwa mwalimu wa Bukavu, mwenye kukunja filamu za wengine usiku, kujua kwamba mtoto wa rika lake, wa milima hiihii, alikuwa upande ule mwingine wa bobini. Vijana waliniomba kitabu juu yake. Kitabu hakikuwepo. Nilianza kukata kila habari iliyomtaja na kuibandika kwenye daftari.

Daftari hilo na vitabu vyote vya klabu havikuuona mwisho wa mwaka 1996. Vita vilipoingia Bukavu Oktoba ya mwaka huo, mji ule uliomzika Askofu Mkuu Munzihirwa haukuwa na nafasi ya kulilia makaratasi, na mimi pia sikuyalilia wakati ule. Wiki kadhaa baadaye mke wangu alirudi kutoka soko la Kadutu na karanga zilizofungwa kwenye karatasi. Alipozimimina niliona maandishi: ulikuwa ukurasa wa historia ya sinema ya Georges Sadoul, habari za Dziga Vertov na kamera yake, na pembeni kulikuwa na mwandiko wangu. Nilirudi sokoni kesho yake. Mwuza karanga, mama mtu mzima, alinisikiliza vizuri, akanionyesha zilizobaki. Zilikuwa chache. Alinipa bila kunidai, akasema: "Pole, mwalimu. Sisi tulidhani vimekwisha kazi yake."

Vita vya 1998 vilinikuta Dar es Salaam kwa dada yangu, yuleyule wa upande wa pili wa shuka, na huko nilikaa kuliko nilivyokusudia. Rafiki mhadhiri aliniazima vitabu viwili ambavyo vimenikaa kichwani mpaka leo, kwa sababu vinagombana.

Cha kwanza kilichapishwa mwaka 1937, cha L. A. Notcutt na G. C. Latham, na huyu ndiye Latham wa pili. Kinasimulia jaribio lililofanyika Vugiri, milima ya Usambara, kuanzia 1935, kwa fedha za shirika la Carnegie: Waingereza hao, na Waafrika wa huko kama waigizaji, walitengeneza filamu 35 za kuwaelimisha wananchi, kisha wakazizungusha kwa lori Afrika Mashariki mpaka kusini. Picha ilikuwa kwenye filamu na sauti kwenye sahani za santuri, ili kwa picha ileile uweze kubadilisha sahani kulingana na lugha ya watazamaji. Filamu ya benki ya posta ilimwonyesha mtu anayefukia fedha zake zikaibwa, na mwenzake anayeziweka benki. Kama kitabu cha ufundi, ni hazina. Wanaeleza jua kali, vumbi, sahani zisizokwenda sawa na picha, kila shida na dawa yake. Lakini kila wanapomzungumzia mtazamaji wanamzungumzia kama mtoto: filamu iende polepole, hadithi iwe nyepesi, asije akachanganyikiwa. Nilipofika hapo nilikiweka chini. Nilikuwa mtoto kweli, Kadutu, na waliokuwa wamekaa nyuma yangu hawakuwa watoto. Walielewa kila kitu. Walielewa mpaka na yale ambayo wenye filamu hawakukusudia.

Cha pili kilitolewa London mwaka 1996 na Taasisi ya Filamu ya Uingereza, mkusanyiko uliohaririwa na Imruh Bakari na Mbye Cham, na ndani yake kuna makala ya Ngangura mwenyewe. Anauliza kama sinema ya Afrika iwe ya kupigania siasa au ya kuburudisha, na jibu lake liko wazi: mtengenezaji atafute kwanza watazamaji wake, awape wanachokifurahia, maana filamu isiyotazamwa na watu wake haijawafanyia kitu. Nilikubaliana naye, nikiukumbuka ule usiku wa runinga juu ya kabati. Lakini nina neno la kuongeza, nami ningependa kumwambia uso kwa uso. Matamata na Pilipili walituburudisha sana, nao walitengenezwa na mtu aliyekwisha kuamua tucheke nini. Kwa hiyo burudani pekee hainitoshi. Nataka kujua nani ameshika kamera, na kama ananiheshimu.

Ngangura mwenyewe alilijibu hilo kwa kazi yake. Nilichelewa kuiona Le roi, la vache et le bananier, aliyoitengeneza mwaka 1994, akirudi nyumbani kwao, ufalme wa Ngweshe, baada ya miaka mingi. Ngweshe ndiko alikotoka mama yangu. Mfalme, ng'ombe na mgomba: mwami anayetawala, ng'ombe wa kuolea na kupatanishia, mgomba unaolisha na kunywesha. Hakuna anayeharakishwa. Wazee wanazungumza mpaka wamalize. Niliona namna mzee mmoja anavyoipokea pombe ya ndizi, mikono yote miwili, kichwa kimeinama kidogo, kama mjomba wangu alivyokuwa akiipokea, na nikajua kwamba aliyekuwa nyuma ya kamera alifundishwa adabu hiyo nyumbani. Mwaka 1999 filamu yake Pièces d'identités, ya mfalme anayekwenda Ubelgiji kumtafuta binti yake, ilipewa Étalon de Yennenga, tuzo kubwa kuliko zote kwenye tamasha la filamu kule Ouagadougou. Nilipata habari hiyo nikiwa bado Dar es Salaam. Niliwanunulia majirani wote soda.

Niliporudi Bukavu, mpwa wangu anayeishi Brussels alinitumia fotokopi za kitabu cha Francis Ramirez na Christian Rolot juu ya historia ya sinema ya kikoloni Zaire, Rwanda na Burundi, kilichotolewa na jumba la makumbusho la Tervuren mwaka 1985. Hapo ndipo nilipoyakuta majina ya jioni zangu za Kadutu. Padri Albert Van Haelst wa Kasai, aliyewatengeneza Matamata na Pilipili. Padri Alexandre Van den Heuvel wa Léopoldville, wa Mboloko. Na hapa kwetu, Padri Roger De Vloo wa Mapadri Weupe, na kituo chao cha Africa Films, Bukavu. Bukavu! Baadaye nikapata na kitabu cha Guido Convents cha mwaka 2006, kinachoanzia 1896 na kuwafuata Wakongomani wenyewe katika safari yao na picha. Ni kitabu kinene na cha haki, nami nakiheshimu.

Hata hivyo majina niliyoyatafuta sikuyapata. Sikumwona katekista wa maikrofoni, wala wale wanne wa jenereta. Basi nilianza kuwatembelea wazee waliobaki, Kadutu, Bagira, mpaka Kabare, nikiwa na zile fotokopi mkononi, nikiwasomea sehemu ya wapadiri na kuwaacha waseme. Mzee mmoja wa Bagira aliinua mkono kabla sijamaliza. "Mwanangu, hapo hawakuandika kwamba mafuta ya ile mashine tuliyabeba sisi kwa miguu, na mvua ikinyesha tulivua makoti tukaifunika." Bibi mmoja alieleza shuka lilivyoshonwa: vipande vitatu, mshono unalala, kwa sababu ukisimama unakata nyuso za watu kwenye picha. Nilikuwa nimelitazama shuka lile utoto wangu wote bila kuona mshono. Mwingine alimkumbuka katekista akifanya mazoezi mchana, peke yake, darasani, filamu ikipita kwenye ukuta bila sauti, naye anatafuta maneno.

Niliyaandika yote pembeni mwa fotokopi, na palipojaa nikabandika karatasi nyingine. Sasa kijana wa ISP, chuo cha ualimu hapa Bukavu, anayachapa kwenye kompyuta. Tulibishana kidogo juu ya mpangilio. Yeye, kama alivyofundishwa, alitaka mwongozaji awe juu na wasaidizi wawe maelezo madogo chini ya ukurasa. Tumekubaliana kwamba wabebaji, mshonaji na katekista wataingia kwenye maandishi yenyewe, kwa herufi za ukubwa uleule.